Mnorwe Aliyezoea Kufia Dukani Kwangu

Katika miaka yote niliyoshona nguo hapa Thornton Heath, London, sijapata mteja aliyenichosha kama yule mwigizaji wa Kinorwe. Wako wateja wanaoleta gauni la harusi asubuhi ya siku ya harusi. Wako wanaotaka nishone suruali iliyopasuka huku wameivaa. Hao nimewazoea. Lakini hakuna mwingine aliyewahi kulala chali mbele ya meza yangu ya kukatia, macho wazi na mdomo umelegea, wakati mama wa watu anafungua mlango kuja kuchukua sketi yake.

Alikuwa anajizoeza kufa. Ndiyo kazi aliyopewa mara nyingi kuliko nyingine yoyote katika filamu na tamthilia za televisheni: kufa mapema ili hadithi iendelee. Alikufa kwa risasi, kwa sumu, kwa baridi, na mara moja kwa kuangukiwa na kabati. Alikuja kufia kwangu kwa sababu chumba chake, kilichokuwa juu ya duka la kutengeneza simu mtaa wa pili, kilikuwa na zulia, na alidai mtu hawezi kujua kama ameanguka vizuri juu ya zulia. Nilimwambia hapa ni mahali pa biashara. Akasema anajua, ndiyo maana anakufa mapema, kabla wateja hawajawa wengi.

Alizaliwa wapi na wazazi wake walikuwa nani sikupata kujua vizuri. Aliwahi kunitajia mji wao, jina lenye herufi ambayo sisi hatuna. Nilishindwa kulitamka, na yeye akakataa kunirahisishia. Nilichokijua ni habari za kazi yake, kwa kuwa hizo hakuacha kuzisema. Ujanani alikuwa mtu maarufu kwao. Aliigiza askari polisi kijana katika tamthilia iliyotazamwa nchi nzima, na kwa jinsi alivyosimulia, ilipokuwa ikionyeshwa hukuti mtu barabarani. Kisha akaitwa London kuigiza katika filamu moja, kazi ya wiki sita. Filamu ikaisha, yeye hakurudi. Waingereza walipomtazama, mrefu vile, nywele kama katani na macho makali, hawakumwona Mnorwe. Walimwona afisa wa jeshi la Kijerumani. Baadaye wakamwona jasusi wa Kirusi, halafu daktari wa Kiswidi, halafu nahodha wa Kidachi anayesafirisha silaha. Kwa zaidi ya miaka thelathini aliishi kwa kuwa mtu wa nchi ya wengine. Mara moja tu aliitwa kwenye usaili wa kuigiza Mnorwe, mwenye hoteli fulani ya milimani, na akarudi dukani kwangu amenuna. Walikuwa wamemwambia lafudhi yake haifanani na ya Mnorwe. Nafasi alipewa Mwingereza.

Aliniita Fundi. Neno hilo alilisikia kwa wateja, akauliza maana yake, na tangu siku hiyo hakuniita kwa jina langu tena. Mimi nilimwita bwana. Mke wangu, Mama Rehema, alimwita “mgeni wako”, hata baada ya miaka kumi na miwili, kwa sauti ile ambayo mtu huitumia kumtaja paka wa jirani.

Kiti cha dirishani nilikiweka kwa ajili ya wateja wanaosubiri. Akakikalia yeye, na wateja wakasubiri wamesimama. Alikuja bila taarifa, akaondoka bila kuaga, na kati ya kuja na kuondoka alisema kila kilichompita kichwani. Kamera ni ng'ombe, aliniambia. Inakutazama, haina maoni, na ukianza kutaka kuifurahisha umekwisha. Siku nyingine alisema anayelia haraka ana haraka ya kutazamwa. Hayo alikuwa akiyasema mimi nikiwa na zipu ishirini za kubadilisha.

Kabla ya kila usaili aliniletea suruali. Hakuwa na nyingi, tatu au nne, lakini nimezifumua na kuzishona hata nikazijua kuliko zangu. Alikuwa na imani zake kuhusu mifuko. Mtu mwenye hatia, alisema, huzamisha mikono mfukoni mpaka kwenye kifundo cha mkono. Asiye na hatia huishia kwenye vidole. Kwa hiyo akiitwa kuigiza mwizi nilimrefushia mifuko, akiitwa kuigiza hakimu nikaifupisha. Kuna wakati nilifanya kazi hiyo mara tatu ndani ya wiki moja kwa suruali moja, kisha tamthilia ilipotoka, nikaketi na mke wangu kutazama, tukamwona kuanzia kifuani kwenda juu. Muda wote alikuwa amekaa nyuma ya meza. Nilipomwuliza siku ya pili akanitazama kama mtu aliyeulizwa kwa nini anavua viatu msikitini. “Mimi nilijua mifuko ipo,” akasema.

Tena alikuwa mwizi. Bitana zangu nanunua Southall, kwa mzee mmoja wa Kipunjabi aliyezaliwa Nakuru, ambaye Kiswahili chake ni kizuri kuliko cha binti yangu. Siku moja mwigizaji akaniganda, akataka twende wote. Tukapanda treni, yeye akizungumza njia nzima. Tulipofika akanyamaza. Mimi na mzee tuliongea Kiswahili chetu, tukabishana, tukacheka, na yule Mnorwe akasimama katikati ya majora ya vitambaa kama nguzo, anamtazama mzee tu. Yule mzee ana kawaida yake: kabla ya kukukatalia jambo hujipapasa ndevu kwa mgongo wa kidole, polepole, kana kwamba anaziomba radhi. Miezi kadhaa ikapita. Nikafungua televisheni, nikamwona jasusi wa Kirusi anajipapasa kidevu kwa mgongo wa kidole kabla ya kuamuru mtu auawe.

Nilidhani ameishia hapo. Mimi nina tabia, au nilikuwa nayo, kwamba nikitaka kumwambia mteja habari mbaya navua miwani, naipuliza, naifuta kwa ncha ya shati, halafu ndiyo nasema. Katika tamthilia iliyofuata aliigiza daktari. Akatoka kwenda kumwambia mama mmoja kwamba mwanawe amefariki. Akavua miwani, akaipuliza, akaifuta kwa ncha ya shati. Mama Rehema alicheka hadi akashika ukuta. Rehema, binti yetu, ambaye Kiswahili anakielewa chote lakini hujibu kwa Kiingereza, akasema huyo ni mimi mtupu. Asubuhi nilimngoja mwizi wangu pale dukani. Hakukana. “Nimeichukua,” akasema. “Wewe ulikuwa huitumii vizuri.” Tangu hapo sijavua miwani yangu kwa amani. Kila nikiishika naona namwiga yeye.

Ungedhani mtu anayelipwa kwa kujifanya watu wengine angekuwa mwepesi wa ule uongo mdogo unaowasaidia watu kuishi pamoja. Hakuwa hivyo hata kidogo. Siku moja simu ya dukani ililia, nami nikajua ni bwana mmoja ambaye suruali zake nilimwahidi tangu wiki iliyopita. Mikono yangu ilikuwa imejaa kazi. Nikamwomba mwigizaji apokee, aseme nimetoka. Akapokea kwa ile sauti yake ya hakimu na kusema, “Yupo hapa, lakini hataki kuzungumza na wewe. Suruali zako hajazigusa.” Kisha akakata, akarudi kwenye kiti. Nilimwuliza kama ana akili timamu. Akaniambia kwa utulivu kwamba yeye hutamka maneno yasiyo ya kweli kwa mkataba tu, tena baada ya kuyasoma mara arobaini, na mimi sikuwa nimempa hata muda wa kuyasoma.

Kwetu Tanga tunasema heri kujikwaa dole kuliko kujikwaa ulimi. Nilimfasiria msemo huo. Akasema yeye hakujikwaa, alikuwa anatembea.

Yupo mteja wangu mmoja, Mama Furaha, mtu wa Bukavu, anayefanya kazi ya usafi hospitalini Lewisham na kusali huko huko. Vitenge vyake vya kanisani mimi ndiye ninayevishona. Siku moja alijaribu gauni jipya, nami nikamwambia amependeza, kama mtu mwenye adabu anavyosema. Sauti ikatoka dirishani kwamba bega la kulia liko chini kuliko la kushoto. Ningekuwa na kitu kingine mkononi badala ya chaki ningemrushia. Mama Furaha akajitazama kwenye kioo, akanitazama mimi. Nikapima. Lilikuwa chini kwa upana wa kidole. Kuanzia siku hiyo hakukubali gauni lolote kabla ya kwenda kusimama mbele ya kile kiti.

“Papa wa filme aseme kwanza,” aliniambia. “Wewe, Fundi, kila siku unasemaka tu ni muzuri.”

Na mimi ndiye niliyesomea ufundi huu Ngamiani, kule Tanga, kwa mjomba wangu, tangu nikiwa na miaka kumi na mitatu.

Hata hivyo kuna jambo moja ambalo nililihesabu kuwa kasoro yake kubwa kuliko zote, na hadi leo sijui kama nilimwonea. Alikuwa na dada mmoja huko kwao, naye akafariki. Akaja dukani na suti nyeusi, akataka suruali ifupishwe kidogo. Nikampa pole. Akashukuru, akapanda juu ya kisanduku changu, akanikumbusha kwamba mguu wake wa kushoto ni mfupi kuliko wa kulia. Huyu ni mtu niliyemwona kwenye televisheni akitoa machozi ya kweli, jicho moja kwanza na la pili baadaye, kwa kuwa mwongozaji alitaka hivyo. Kwa dada yake hakutoa hata moja. Nilipiga magoti pale nikibana pini kwenye pindo, nikamkasirikia. Nilitaka alie, ili na mimi nipate la kufanya.

Alirudi kutoka mazikoni baada ya siku nne. Alimletea Mama Rehema kipande cha jibini ya kahawia ya kwao, kimefungwa kwenye karatasi, na mke wangu akakiweka bafuni akidhani ni sabuni ya kufulia. Alipoelezwa akakionja. Akasema ladha yake ni kama ukoko wa maziwa, akala nusu yake amesimama hapo hapo. Mwigizaji akasema dada yake alikuwa akimtumia jibini hiyo kila mwaka. Nilingoja aendelee. Akaniuliza kama kola ya shati lake imeanza kuchakaa.

Sasa nifike kwenye habari ya Rehema.

Binti yangu alikuwa amekwisha kupata nafasi ya chuo, kusomea ufamasia. Mama yake aliwatangazia watu hadi Tanga. Mwezi mmoja kabla ya kuthibitisha, Rehema akatuambia, kwa Kiingereza na bila kututazama, kwamba anataka kwenda chuo cha uigizaji, na kwamba tayari ameomba usaili. Mama yake akakaa chini. Mimi sikuhitaji kufikiri sana ni nani wa kulaumiwa. Tangu akiwa na miaka saba Rehema alikuwa akipita dukani kutoka shule na kumkuta yule mtu akifa.

Nikamwendea mwigizaji kwake, mara yangu ya kwanza kupanda zile ngazi. Chumba kilikuwa safi na kitupu, kama cha mtu aliyehamia juzi. Nikamwambia wewe unaijua kazi hii, unajua ilivyokula miaka yako, umekaa ukingoja simu isiyolia, umeigiza maiti mpaka basi. Mwambie mwanangu ukweli. Akasema ataweza kumwambia ukweli akishamsikia. Nikamwambia hakuna haja ya kumsikia. Akasema kama hamsikii hatakuwa na ukweli wa kumwambia, atakuwa na maoni yangu tu.

Basi Jumapili alasiri, duka limefungwa, Rehema akasimama kati ya meza ya kukatia na kioo. Alikuwa amehifadhi maneno ya mama mmoja anayeagana na mtoto wake. Aliyasema yote bila kukosea, na sauti yake ikapanda na kushuka, na mwishoni mkono wake ukabaki hewani. Mimi nilikuwa nimesimama nyuma ya cherehani. Sikutaka kuguswa, nikaguswa. Mwigizaji akamwomba aseme tena. Kisha akamwomba mara ya tatu, amekaa. Alipomaliza, yule mtu akazungumza naye kama anavyozungumzia bega la gauni.

“Una kumbukumbu nzuri,” alimwambia, “na sauti yako inafika. Unapenda kuonekana ukifanya. Lakini nimengoja mara tatu kitu kitokee, na hakikutokea. Kasomee dawa.”

Rehema alichukua koti lake. Hakubamiza mlango, aliufunga polepole, na nilimwona kupitia dirisha akivuka barabara kwenda kituo cha basi huku akivaa koti mkono mmoja tu.

Nilipaswa kushukuru. Ndicho nilichokwenda kukiomba kule juu ya ngazi. Badala yake nilijikuta namfokea mzee wa watu. Nilimwambia nani kampa yeye kazi ya kumpima mwanangu, yeye ambaye taifa zima lilimsahau, yeye ambaye hata Mnorwe ameshindwa kumwigiza. Nilitaka amkataze, sikutaka amvunje. Kama ni ugumu wa kazi angesema ugumu wa kazi, si kusema mtoto hana kitu. Akanisikiliza hadi mwisho. Kisha akasema kwamba nilikuwa nimemwomba ukweli na sikumwambia ni ukweli upi. Nikamwambia asikanyage tena mlango wangu.

Nyumbani Mama Rehema alinisikiliza pia hadi mwisho. “Baba Rehema,” akasema, “si ndicho ulichokitaka?” Nikaenda kulala bila kula.

Kiti kikabaki kitupu. Wateja wakakikalia. Mama Furaha alikuja na kitenge chake cha Pasaka, akajitazama kwenye kioo mbele, nyuma na ubavuni, akauliza Papa yuko wapi, na nilipomwambia nimemfukuza, akaguna. Akanilipa, lakini niliona hakuondoka na imani na lile gauni. Rehema alianza ufamasia. Alisoma kwa bidii, akaongea na mimi kwa adabu, na nyumba ikawa na ukimya wa hospitali. Hivyo ndivyo ulivyopita mwaka mzima na nusu ya mwingine.

Kisha Jumamosi moja nikampigia simu Rehema nikitaka anunue uzi njiani, nikasikia nyuma yake sauti ya hakimu ikisema, “Kutoka juu ya ukurasa.”

Alikuwa huko. Na haikuwa mara ya kwanza. Alipofika nyumbani alitusimulia yote, mimi na mama yake tukiwa tumeketi kama tuliohukumiwa. Wiki moja baada ya ile Jumapili alikwenda kwa yule mtu kumtukana. Alimtukana kwa dakika kumi, mlangoni. Mwigizaji alimsikiliza, halafu akamwambia hapo sasa, kuna kitu kimetokea, na akamkaribisha kahawa. Rehema akamwuliza kama basi amebadili mawazo. Akajibu hapana. Kutukana vizuri mara moja kila mtu anaweza, kazi ni kutukana vile vile Alhamisi saa kumi na mbili asubuhi kwenye mvua. Na tena, alisema, siku ile alipomwambia akasomee dawa aliona mabega yake yakishuka, kama ya mtu aliyetuliwa mzigo. Rehema alituambia hilo ndilo lililomuudhi zaidi, kwa kuwa lilikuwa kweli. Alikuwa na hofu ya kile chuo na hakuwa na mtu wa kumwambia.

Tangu hapo alikwenda kwake kila Jumamosi kumsaidia kuhifadhi maneno. Yeye alisoma sehemu za watu wengine, mzee akasema zake. Maneno yalikuwa yameanza kumponyoka. Na safari hii ilikuwa muhimu asiponyokwe, kwa sababu alikuwa amepata nafasi ambayo hakuwahi kuipata London nzima: baba mzee, Mnorwe, anayekuwepo tangu mwanzo wa tamthilia hadi mwisho wake, na hafi.

Sikujua nimkasirikie nani kwanza. Miezi yote hiyo nilikuwa nikibeba hasira kwa ajili ya binti yangu, naye alikuwa anakunywa kahawa kwa adui.

Mwezi uliofuata Rehema alipita dukani kabla ya saa za chuo. Alikuwa ameona dawa jikoni kwa mzee, na kusoma maboksi ya dawa ndiyo masomo yake. Hakunitajia majina wala ugonjwa. Alisema ameapishwa. Alisimama pale mlangoni akichezea zipu ya koti, kisha akaniambia kwa Kiswahili, jambo ambalo hakuwa amelifanya tangu akiwa mdogo, “Baba, akija, mpokee.”

Nimalize kwanza yaliyotokea baadaye, ili nibaki na siku yenyewe. Ile tamthilia ilimalizika naye akiwemo. Mwezi ule ule alirudi kwao, kwenye ule mji nisioweza kuutamka, na kabla majira ya joto hayajaingia mpwa wake akampigia simu Rehema kumwambia mjomba ametutoka. Mama Rehema alilia kuliko sisi wote, yeye aliyekuwa akimwita mgeni wangu. Mimi nilikasirika tena, maana hata kuaga hakuaga.

Siku aliyokuja dukani ilikuwa Jumanne, mvua inanyesha. Alisimama nje ya mlango hadi nilipomwona na kumpungia aingie. Akasema nilimfukuza kama rafiki, kwa hiyo amekuja kama mteja. Akafungua mfuko, akatoa koti zito la kijivu na shati, akaenda nyuma ya pazia, kisha akaniita.

Alikuwa amevua fulana. Mtu yule mrefu alikuwa amebaki mbavu na ngozi. Nilishika futi yangu nikasahau ni ya nini.

Alinieleza upesi, kama mtu anayesoma orodha. Nusu ya tamthilia walikuwa wameipiga picha miezi minne nyuma, akiwa bado na mwili. Sasa wanapiga nusu iliyobaki, na katika hadithi ni wiki ile ile. Mtu anaingia mlangoni leo, anatokea sebuleni dakika ile ile. Hawezi kukonda katikati. Watu wa mavazi wakigundua watawaambia wakubwa, wakubwa watataka vyeti vya daktari, na nafasi itakwenda kwa mwingine. Koti hilo alikuwa ameliomba kwa watu hao wa mavazi kwa kisingizio cha kulizoea. Alitaka fulana ya kuvaa ndani, iliyojazwa pamba, imrudishie mwili aliokuwa nao.

“Wewe,” nikamwambia, “umekataa kusema nimetoka dukani. Leo unataka nikushonee uongo.”

“Nikiulizwa nitasema,” akajibu. “Kwa hiyo shona vizuri, wasiulize.”

Nikaanza kumpima. Kifua, kiuno, mgongo. Namba nilizokuwa nazo za siku zote hazikufaa tena, nikaandika mpya pembeni yake. Nilipokuwa nyuma ya mgongo wake, asiponiona, nikamwuliza kama yale aliyomwambia Rehema aliyaamini kweli.

“Nilisema nilichokiona,” akasema.

“Ungeweza kulainisha.”

“Ningelainisha, leo angekuwa anangoja simu,” akasema. “Mimi nimeingoja maisha yangu yote, Fundi. Sikutaka yeye aingoje.” Halafu, kana kwamba amejisikia akisema maneno matamu mno, akaongeza, “Tena hakuwa mzuri.”

Niliishona ile fulana kwa siku mbili, nikaacha kazi za watu. Nilitumia pamba nyepesi, matabaka membamba, nikayashona kwa mkono yasisogee akigeuka. Alhamisi akarudi, akaivaa, akavaa shati juu yake na koti juu ya shati, akasimama mbele ya kioo. Alijigeuza huku na huku. Akatembea hatua tatu na kurudi. Kisha akaniuliza anaonekanaje.

Nilikuwa na jibu tayari. Nilikuwa nalo tangu Jumanne, lile ninalowaambia watu wote. Nikafungua mdomo, nikamtazama, nikashindwa kulitoa.

“Unaonekana mgonjwa aliyevaa koti zuri,” nikamwambia.

Akatikisa kichwa kukubali. “Wapi?”

“Shingoni.”

“Shingo nina skafu. Wapi kwingine?”

“Hapa, chini ya kwapa. Koti linaanguka.”

“Basi ongeza pamba.”

Nikamwambia aivue. Akasema hawezi kuivua na kuivaa tena kwa leo, amechoka, nimshonee akiwa ameivaa. Nikasogeza kisanduku, nikakaa chini ya mkono wake ulioinuka, nikafumua pembeni kidogo, nikasukuma pamba, nikaanza kushona. Kupitia kitambaa nilikuwa nasikia pumzi yake ikipanda na kushuka. Baada ya muda akasema, bila kuangalia chini, kwamba mshono unakwenda upande.

Nilimwambia anyamaze, nilikuwa nashona kabla yeye hajajua London iko wapi. Akasema huenda ni hivyo, lakini mshono unakwenda upande.

Nikainama nikatazama. Mshono ulikuwa umepinda. Nikafumua, nikaanza upya.